Kozi ya video ya kukwepa kwa pembe: nimeitumia miezi miwili

Nina mkanda wa kahawia wa karate, na miaka yote hii ugonjwa wangu ni mmoja: nikishambuliwa, narudi nyuma moja kwa moja. Mpinzani anaongeza hatua ya pili, ya tatu, mara nimekanyaga nje na refa ameshaita jogai, yaani kosa la kutoka nje ya uwanja. Uwanja wa kumite, yaani pambano la watu wawili, ni mita 8 kwa 8 tu, utarudi nyuma hadi wapi? Ndipo nikalipia kozi hii ya tai sabaki, yaani kuutoa mwili kwenye njia ya pigo.

Somo la kwanza nusura linikimbize. Ni historia tupu: mtindo wa karate uitwao Wado-ryu, na jinsi mwanzilishi wake Hironori Ohtsuka alivyoingia kwenye karate akitokea jujutsu, sanaa nyingine ya mapigano ya Kijapani. Sawa, lakini mimi nilishavaa gi, sare ya mazoezi, nimeshapasha mwili.

Somo la tatu ndilo lililonirudishia hela yangu. Oi-zuki, ngumi ya kusonga mbele ya mpinzani, inakuja. Mguu wako wa mbele unateleza kwenda nje na mbele kidogo, kama digrii 45, wa nyuma unaufuata, nyonga inageuka. Ngumi inapita karibu na sikio, nawe uko ubavuni mwake. Ili akufikie lazima kwanza ageuke. Mwalimu anasisitiza vidole vya mguu wa mbele vimwelekee mpinzani. Vyangu vilikuwa vinatazama ukuta, kumbe ndiyo maana gyaku-zuki yangu, ngumi ya mkono wa nyuma, haikuwa na uzito!

Kilichonitesa ni muda. Ukihama mapema, mwenzako anakuona na ngumi inakufuata hukohuko. Unatakiwa usubiri mpaka bega lake lianze kuja. Kusema ni rahisi. Mimi wiki mbili nilitembea na mdomo umevimba.

Sasa lawama. Kozi ni ya miguu, lakini nusu ya video kamera inaishia magotini! Nilirudiarudia somo la tano nikibahatisha kisigino kimekaa wapi. Halafu mawashi-geri, teke la kuzungusha, haijaguswa kabisa, wakati ukikwepa ngumi kizembe unaweza kujipeleka mwenyewe kwenye teke.

Mwenye mkanda mweupe asiinunue kwanza, azoee zenkutsu-dachi, msimamo wa goti la mbele kukunjwa. Asiye na mwenzi wa kumrushia ngumi pia aache, kivuli hakimpigi mtu. Mimi nimeshalipia sehemu ya pili, baada ya kuangalia kionjo chake cha bure na kuona kamera imeshushwa hadi sakafuni.