The Invention of Nature: nimekisoma, na nakipendekeza

Kitabu hiki cha Andrea Wulf, kilichotoka 2015, nilikinunua kwa ajili ya sura ya Henry David Thoreau, mwandishi wa Marekani aliyeandika kuhusu maumbile. Nimekisoma chote.

Kinamhusu Alexander von Humboldt, mwanasayansi wa Prussia, na waliosoma maandishi yake. Miaka ya 1790, huko Jena, alikuwa akikutana na Goethe, mshairi ambaye naye alichunguza mimea. Wulf anaeleza vizuri sana jinsi Humboldt alivyotoka hapo akiamini kwamba kupima peke yake hakutoshi. Anayetaka kuyaelewa maumbile sharti pia aguswe nayo. Mwaka 1800, kwenye ziwa Valencia nchini Venezuela, alikuta maji yanapungua, akasema wazi kuwa sababu ni misitu iliyofyekwa na mito iliyochepushwa kupelekwa mashambani. Mwaka 1800! Niliusoma ukurasa huo mara mbili.

Sura ya Thoreau haikuniangusha. Aliishi kando ya bwawa la Walden kuanzia 1845 hadi 1847, lakini kitabu chake kuhusu maisha hayo, Walden, kilitoka 1854, baada ya kukiandika upya tena na tena. Katikati ya kazi hiyo alimsoma Humboldt. Ndipo shajara zake zikajaa siku ya ua kuchanua na kina cha theluji, na ushairi wake haukupotea. Baada yake yupo George Perkins Marsh, aliyeonya mwaka 1864 kuwa binadamu anaiharibu dunia kwa kukata misitu, kisha John Muir, mtetezi wa bonde la Yosemite huko Marekani, ambaye ujanani alitamani kuwa Humboldt.

Ninalolilalamikia ni jinsi kitabu kinavyomgusa Emerson, mwandishi wa Marekani na rafiki wa Thoreau. Alijifunza Kijerumani ili amsome Goethe kwa lugha yake, na insha yake kuhusu maumbile ilitoka 1836, miaka tisa kabla ya juzuu ya kwanza ya Kosmos, kitabu kikubwa cha Humboldt kuhusu ulimwengu. Kwa hiyo fikra za Kijerumani zilishafika Massachusetts, jimbo la Emerson na Thoreau, kwa njia nyingine, na njia hiyo Wulf anaipita haraka mno. Msomaji anaweza kudhani kila kitu kilianzia kwa Humboldt.

Nunueni nakala ya karatasi, si ya kusikiliza. Mchoro wa Humboldt wa mlima Chimborazo wa Ecuador, unaoonyesha mimea ikibadilika kadiri unavyopanda, ndio unaofafanua wazo lake lote, na huo ni wa kutazamwa kwa macho.