Ziara ya Tay Ninh na Cu Chi: uzoefu wangu, na kwa nini hekalu lilinifunza kuliko mahandaki

Ukifika Ho Chi Minh City, Vietnam, na ukawa na nafasi ya safari moja tu ya nje ya mji, chukua ile inayounganisha hekalu kuu la Cao Dai, dini iliyozaliwa kusini mwa nchi hiyo, huko Tay Ninh, na mahandaki ya Cu Chi, walimojificha waasi wa Kikomunisti wakati wa vita na Marekani. Usichukue ya Cu Chi peke yake. Hii ya pamoja ni ya kutwa nzima, inachosha, na bei yake iko juu kidogo. Lakini ile ya nusu siku itakuonyesha mashimo tu na kukueleza yalivyochimbwa. Haitakuambia ni nani aliyewapelekea waliokuwa ndani wali na dawa, wala kwa nini alikubali kuhatarisha maisha yake kwa ajili yao.

Mimi nilikwenda na swali hilo. Nafundisha historia shule ya upili, na kila mwaka mwanafunzi mmoja hunyoosha mkono na kuuliza wakulima wa mpunga waliwezaje kuishinda Marekani. Jibu la kwenye vitabu ni Ukomunisti, msitu, na silaha za Urusi na China. Ni kweli, lakini silaha hazimlishi mpiganaji aliyejificha chini ya kijiji. Anayemlisha ni mwanakijiji, na mwanakijiji ana imani yake, ana makaburi ya wazee wake, ana desturi za kwao. Nilitaka kuyaona hayo kwa macho.

Basi dogo hutoka katikati ya mji asubuhi na kuelekea kaskazini magharibi. Tay Ninh iko kilomita 100 hivi kutoka mjini. Ukishavuka eneo la viwanda, anza kutazama mashamba, maana somo linaanzia hapo na waongozaji wengi hulipita bila kulitaja. Makaburi yako katikati ya mpunga. Ni ya saruji, mengine yamepakwa rangi, na mkulima analima kuyazunguka. Wetu, dada mchangamfu aliyezaliwa baada ya vita, nilipomuuliza alieleza vizuri sana: marehemu hakai mbali na walio hai, na kila nyumba ina madhabahu ya wazee. Siku ya kumbukumbu ya kifo ukoo mzima hukusanyika, chakula kikawekwa kwanza mbele ya picha ya marehemu ndipo watu wale. Anayeacha kaburi la babake bila mtu wa kulitunza amefanya jambo zito.

Sasa lichukue hilo ulipeleke mwaka 1962. Serikali ya Ngo Dinh Diem, rais wa Vietnam Kusini, kwa fedha za Marekani na ushauri wa Mwingereza Robert Thompson aliyekuwa ametoka kupambana na waasi katika nchi ya Malaya (sasa sehemu ya Malaysia), ilianza kuwakusanya wakulima katika vijiji vya ulinzi vilivyozungushiwa mtaro na miba ya mianzi, ili waasi wakose chakula na habari. Kwenye karatasi mpango ulikuwa na mantiki ya kijeshi. Kwa mkulima ulikuwa amri ya kuondoka kwenye ardhi alimozikwa babu yake, na mara nyingi nyumba yake ilichomwa ili asirudi. Sisi wa Kenya ya Kati hatuhitaji kuelezewa sana: Waingereza walifanya hivyo hivyo kwetu kuanzia 1954, na nyanya yangu alikaa katika kimoja cha vijiji hivyo vya dharura. Hata kabla ya hapo, mwaka 1956, Diem alikuwa amefuta mabaraza ya vijiji yaliyochaguliwa na wenyeji akaweka watu wake. Na hii ni nchi yenye methali ya kale kwamba amri ya mfalme hushindwa na desturi ya kijiji.

Waasi waliliona pengo hilo wakalijaza. Makada wao walifundishwa kula na wanakijiji, kulala kwao na kulima nao. Walikuja na ahadi ya ardhi, na ardhi kwa mkulima huyu ilikuwa pia mahali pa kuwatunza wafu wake. Hapo ndipo nilipoanza kupata jibu la darasani kwangu.

Kabla ya hekalu tulisimamishwa kwenye karakana ya vitu vya mapambo, tukakaa muda mrefu sana tukisubiri watu wanunue. Muda huo ulikatwa kwenye hekalu, na hili ndilo lalamiko langu kubwa kwa kampuni niliyoitumia. Tulifika Tay Ninh ibada ya adhuhuri ikiwa karibu kuanza, tukakimbizwa juu kama abiria waliochelewa basi.

Hata hivyo, ibada ile peke yake inafidia pesa yako. Ibada hufanyika mara nne kwa siku: saa 12 asubuhi, saa 6 mchana, saa 12 jioni na saa 6 usiku. Vueni viatu, wanawake wapite mlango wa kushoto, wanaume wa kulia, halafu mpande roshani. Chini yenu waumini wamejipanga kwa mistari iliyonyooka, wengi wao katika mavazi meupe, na viongozi mbele kwa rangi tatu: njano ya Ubudha, samawati ya Utao, nyekundu ya mafundisho ya Confucius. Nguzo zimezungukwa na dragoni wenye rangi kali, dari ni anga la bluu, na mbele kabisa kuna tufe kubwa lenye Jicho moja linalotazama wote. Kengele ikilia, wote huinama kwa pamoja hadi vipaji vya nyuso viguse mikono. Mlangoni kuna picha ya watakatifu watatu wakiandika agano na Mungu: mwanamapinduzi wa China Sun Yat-sen, mwandishi Mfaransa Victor Hugo na mshairi wa Kivietnam Nguyen Binh Khiem. Mtu anaweza kuicheka orodha hiyo. Mimi niliona watu waliotawaliwa na Wafaransa wakikataa kuambiwa kwamba Mungu ana lugha moja.

Dini hii ilizinduliwa rasmi mwaka 1926, na kwa muda mfupi ikapata wafuasi wengi mno hadi Wafaransa wakaingiwa na hofu. Mwaka 1941 walimkamata kiongozi wake, Pham Cong Tac, wakampeleka uhamishoni Madagaska, huku kwetu kwenye Bahari ya Hindi, na hakurudi hadi 1946. Jambo hili mwongozaji wetu hakulisema, na nadhani wageni kutoka Afrika Mashariki wangelipenda.

Msidhani lakini kwamba dini zote ziliwapeleka watu kwa waasi. Hapa ndipo ziara nyingi zinapopotosha kwa kunyamaza. Cao Dai walikuwa na jeshi lao, na mwaka 1947 walishirikiana na Wafaransa dhidi ya Viet Minh, wapigania uhuru walioongozwa na Wakomunisti. Dini nyingine ya kusini, Hoa Hao, iliyoanzishwa mwaka 1939 na kijana Huynh Phu So, ilikuwa imeenea kwa wakulima maskini wa delta ya Mekong, watu ambao Wakomunisti waliwahitaji hasa. Mwezi Aprili 1947 Viet Minh walimuua kijana huyo. Mwili wake haukupatikana, na wapo waumini wanaosubiri arudi. Baada ya hapo maeneo ya Hoa Hao yakawa magumu mno kwa waasi hadi mwisho wa vita. Kumuua nabii wa watu ni kosa ambalo hotuba ya ardhi na usawa haikuweza kulifuta.

Diem naye akafanya makosa yake. Mwaka 1955 alizishambulia dini hizi zenye majeshi, na mwaka uliofuata Pham Cong Tac akakimbilia Kambodia, akafia huko 1959. Baadhi ya wapiganaji waliobaki bila makamanda waliingia msituni wakajiunga na waasi waliokuwa maadui zao jana. Tarehe 20 Desemba 1960 Chama cha Ukombozi wa Taifa, ambacho maadui zake walikiita Viet Cong, kiliundwa katika misitu ya mkoa huu huu wa Tay Ninh, na katika uongozi wake waliwekwa watu wa dini mbalimbali. Sioni kama ni bahati. Mkomunisti asiyemwamini Mungu alijua kwamba kusini hapiti bila kumheshimu anayemwamini.

Pale uani nilimkuta mzee mmoja wa kujitolea aliyevaa nguo nyeupe. Nilimwamkia kwa kuinama, dada akatutafsiria. Nikamuuliza familia yake ilikuwa upande gani. Alisema kaka yake mkubwa alikuwa katika jeshi la Cao Dai, na mdogo wake aliingia msituni. Nikauliza ugomvi ulikuwaje nyumbani. Akajibu kwamba siku ya kumbukumbu ya baba yao wote wawili walikuja usiku, kila mmoja kwa wakati wake, wakaweka udi kwenye madhabahu ile ile. Tukaitwa kwenye basi. Ningelipa nauli ya pili nibaki naye saa moja zaidi.

Kule Cu Chi kuna sehemu mbili zinazotembelewa, Ben Dinh na Ben Duoc. Kampuni nyingi huwapeleka watu Ben Dinh kwa sababu ni karibu na mji. Ombeni Ben Duoc. Mahandaki yenyewe ni ya kustaajabisha, yalianza kuchimbwa wakati wa Wafaransa na mtandao ulifikia kilomita 250 hivi. Utaona jiko lililotengenezwa ili moshi upite kwenye mifereji ya chini na kutoka mbali, mwembamba kama ukungu. Utapewa mihogo ya kuchemsha na karanga zilizosagwa. Mihogo yetu ni mitamu zaidi, lakini nilikula kwa heshima. Mlio wa bunduki kutoka uwanja wa watalii wa kulenga shabaha uliniudhi sana. Mahali watu walipofia hapapaswi kuwa na mchezo huo.

Sababu ya kuomba Ben Duoc ni hekalu la kumbukumbu. Ukutani yameandikwa majina ya zaidi ya watu 44,000 waliokufa eneo la Saigon (jina la zamani la Ho Chi Minh City) na vitongoji vyake, na familia huja kuwasha udi. Serikali ya chama kisichoamini Mungu imewajengea mashujaa wake madhabahu, kama kila mkulima alivyo nayo sebuleni. Waasi walikuwa wakijitahidi sana kubeba maiti za wenzao kutoka vitani, maana kwa imani ya wenyeji, aliyekufa mbali na kwao bila mazishi huwa roho inayotangatanga kwa njaa. Wamarekani walilijua hilo. Walirekodi kanda za sauti za mizimu zikilia na kuwasihi wapiganaji warudi nyumbani, wakazicheza usiku kwa vipaza sauti juu ya msitu. Waliifahamu imani vizuri, lakini waliitumia kama mtego, na waliokuwa wakiisikia walijua wazi sauti inatoka kwenye helikopta ya nani.

Jambo moja ziara hii haina, na itabidi ulifanye mwenyewe mjini. Nenda makutano ya Nguyen Dinh Chieu na Cach Mang Thang Tam, alipojichoma moto mtawa Thich Quang Duc tarehe 11 Juni 1963. Mwezi mmoja kabla, katika mji wa Hue, askari walikuwa wamewaua Wabudha waliopinga kukatazwa kupeperusha bendera yao siku ya kuzaliwa Buddha. Diem alikuwa Mkatoliki, kaka yake alikuwa askofu mkuu wa Hue, na Wakatoliki wengi waliokimbia kutoka kaskazini iliyochukuliwa na Wakomunisti mwaka 1954 ndio waliokuwa nguzo yake. Wabudha hawakugeuka kuwa Viet Cong. Wengi walitaka amani na serikali isiyo ya upande wowote. Lakini katika fikra za Kivietnam mtawala hutawala kwa idhini ya Mbingu, na idhini hiyo huondoka akikosa maadili. Baada ya mtawa kuketi ndani ya moto bila kutikisika, wengi waliamini imeshaondoka. Tarehe 2 Novemba Diem aliuawa na majenerali wake mwenyewe. Kutoka hapo tembea hadi hekalu la Xa Loi, lililovamiwa na majeshi yake Agosti mwaka huo. Hakuna kiingilio.

Kwa ufupi, kwa anayetaka kulipia: hekalu naipa nyota tano, Ben Duoc nne, mwongozaji nne na nusu, mpangilio wa muda mbili. Visa ya mtandaoni inapatikana kwa raia wa nchi zote tangu Agosti 2023. Vaa nguo inayofunika mabega na magoti, beba maji, na kabla ya kutoa pesa wakuahidi kwa maandishi mambo mawili: kwamba mtafika Tay Ninh angalau saa moja kabla ya ibada, na kwamba hakuna kusimama karakana yoyote njiani. Wakikataa, tafuta gari la pamoja na wageni wengine hotelini, mgawane nauli.