Kwa baiskeli hadi magofu ya Kunduchi, na tembo la mnazi: uzoefu wangu

Nimekaa Dar miaka 11. Kila ninapokwenda kumwona shangazi Tegeta napita Mtongani, na siku zote nilijua kwamba ukikunja kulia kuelekea baharini kuna msikiti wa kale na makaburi ya nguzo. Sikuwahi kushuka kwenye daladala. Mwezi Agosti wifi yangu alikuja kutoka Tanga kupumzika wiki mbili, tukatafuta kitu cha kufanya Jumamosi, ndipo tukalipia safari hii ya siku moja: asubuhi kuendesha baiskeli hadi magofuni, mchana kula na kuonja vinywaji vya asili, hasa tembo, ile pombe ya utomvu wa mnazi, jioni kurudi. Shilingi 90,000 kwa kila mtu, ndani yake baiskeli, kofia ngumu, maji, kiingilio cha magofu, kiongozi na chakula.

Nawapa waandaaji wa safari nyota 4 kati ya 5. Ile moja waliyoikosa nitaieleza kwa kirefu, maana inahusu usalama wa watu.

Tulikutana Mikocheni saa 12 na nusu asubuhi, wageni sita na kiongozi mmoja. Baiskeli zilikuwa nzuri kuliko nilivyotegemea. Kiongozi alipima urefu wa kiti kwa kila mtu, akatufanya tubane breki na kusukuma baiskeli mbele tuone kama tairi zinagoma. Wifi alikuwa amevaa dera na suruali ndani, na ushungi. Wakampa baiskeli isiyo na mtaimbo, yenye kava la cheni, ili nguo isinaswe. Hakuomba wala hakuuliza, waliiandaa tangu nilipowatajia kwenye simu. Kitu kidogo hicho, lakini wanawake wengi wa pwani wanaacha kupanda baiskeli kwa sababu hiyo tu.

Tulifuata barabara ya zamani ya Bagamoyo hadi Kawe, tukaingia mitaa ya Mbezi Beach, tukatokea Afrikana. Kama kilomita 15 hivi kwa jumla hadi Kunduchi, na njia karibu yote ni tambarare, ila mchanga wa vichochoroni unachosha mapaja. Upepo ulitusukuma mgongoni. Agosti ni msimu wa kusi, na mtu anayekwenda kaskazini kwa baiskeli anafaidi. Kiongozi alitusimamisha kando ya duka moja tunywe maji, akatuambia tuusikilize huo upepo: kaskazi ndiyo iliyoleta majahazi kutoka Uarabuni, Uajemi na India, kisha wafanyabiashara wakasubiri kusi iwarudishe kwao. Nilisoma mambo hayo darasani nikayakariri. Safari hii niliyasikia yakipapasa shati langu, na tulipofika magofuni nikaelewa kwa nini aliyaanza mapema.

Kipande kibaya ni kile cha barabara kuu kabla ya Mtongani. Malori ya saruji ya Wazo hayamuonei huruma mtu wa baiskeli, na bodaboda zinakuja upande wowote. Kiongozi alituweka mstari mmoja pembeni kabisa, tukakipita salama.

Ukiingia eneo la magofu, kelele zinakatika. Kuna mibuyu minene, majani makavu chini, na kuta za msikiti zisizo na paa. Msikiti ni wa mwishoni mwa karne ya 15. Umejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na chokaa yenyewe ilipatikana kwa kuchoma matumbawe hayo hayo kwenye tanuri la kuni. Kiongozi alituonyesha kibla, na mahali plasta ilipobanduka ukaona mawe yalivyopangwa, mengine bado yana alama za viumbe vya baharini kama nyota ndogondogo. Jambo moja halijanitoka: chokaa ya pwani ndiyo iliyoujenga msikiti huu, na hadi leo Dar inajengwa kwa saruji inayotokana na mawe ya chokaa yanayochimbwa Wazo, jirani tu na hapo. Yale malori niliyoyaogopa njiani yalikuwa yamebeba kazi ile ile.

Makaburi ndiyo yaliyonishika zaidi. Mengi ni ya karne ya 18 na 19. Yamezungushiwa kuta fupi zilizonakshiwa, na mengine yana nguzo iliyosimama kichwani. Makaburi ya nguzo namna hii ni ya kwetu, ya pwani ya Afrika Mashariki. Kwenye kuta na nguzo kuna vishimo vya duara, vya ukubwa wa sahani, kwa sababu kweli zilikuwa sahani: vyombo vya kaure kutoka China, vilivyopita mkono kwa mkono katika Bahari ya Hindi hadi vikafika hapa, na wenye mali wakavipachika kwenye makaburi ya wapendwa wao. Leo ukitazama unaona zaidi mashimo kuliko sahani. Nyingine ziling'olewa na wezi, na vyombo kutoka hapo vimehifadhiwa Makumbusho ya Taifa mjini. Nilisimama mbele ya kishimo kimoja kikavu nikapata uchungu ambao sikuutarajia. Mtu alifariki, watoto wake wakatoa sahani nzuri kuliko zote nyumbani, wakamwekea. Karne zikapita, mtu mwingine akaja na tindo.

Vijana wawili wa chuo tuliokuwa nao walipanda juu ya ukuta wa kaburi wapige picha. Kiongozi hakupandisha sauti. Aliwaambia, "Wadogo zangu, shukeni, hapo amelala mzee wa watu." Wakashuka wakaomba radhi. Wifi naye alijitenga kidogo chini ya mbuyu, akainua mikono akawasomea Fatiha. Kiongozi alimwona, akanyamaza katikati ya maelezo yake, akatusubirisha sote mpaka amalize. Nimeshatembezwa na viongozi wengi wa utalii katika nchi hii, sijamwona mwingine aliyejua kunyamaza vile.

Jambo jingine nalowashukuru: vinywaji haviji makaburini. Mtu wa kundi letu aliuliza kama tembo lingeletwa pale pale mibuyuni, kwenye kivuli. Akajibiwa kwamba pale ni makaburi ya Waislamu na msikiti, tembo halina nafasi. Tulipanda baiskeli tena, tukapita karibu na soko la samaki ambako mashua zilikuwa zimeshafika, tukaenda kwenye shamba la minazi la mzee mmoja mgema.

Hapa nitakaa kidogo, maana mimi ni Mchaga na vinywaji vya asili nimevikuta nyumbani. Mbege ina subira ndefu. Unachemsha ndizi mbivu, unaziacha siku kadhaa, unachuja, unachanganya na kimea cha ulezi, na ganda la mti wa msesewe linatia ule uchungu. Tembo la mnazi halimsubiri mtu. Mzee alipanda kwa vidato vilivyochongwa kwenye shina, kotama, kisu cha kugemea, kiunoni, kibuyu begani. Juu kule alikata ncha ya karara, lile ganda linalofunika maua ya mnazi, ambalo halijafunguka, kipande chembamba kama ukucha, akatundika kibuyu kipokee utomvu. Anafanya hivyo asubuhi na jioni, kila siku, na karara linalogemwa halitoi nazi. Mwenye mnazi anachagua: nazi au tembo.

Utomvu unaanza kuchachuka wenyewe hapo hapo kibuyuni, kwa hamira iliyomo hewani na chomboni. Tulionja kwanza la asubuhi ile: jeupe kama tui jepesi, tamu, lina harufu ya dafu na ya mkate unaoumuka. Kisha tukaonja la jana: chachu, linapiga puani, linakausha ulimi. Likikaa zaidi ya hapo linageuka siki, na siki hiyo mzee alituonyesha kwenye chupa, mkewe anaitia kwenye kachumbari. Methali ya mgema akisifiwa nimeiandika kwenye mitihani tangu darasa la tano bila kuwahi kumwona mgema kazini. Nilipomwona mzee wa umri ule akishuka taratibu na kibuyu kisichojaa hata nusu, ndipo nilipojua kwa nini mtu angeshawishika kuongeza maji. Nilimwambia, "Shikamoo babu, kazi hii ni ngumu." Akaniitikia marahaba, akasema miguu ndiyo inayozeeka kwanza.

Kwa asiyekunywa pombe, hawakumwekea soda ya kumpoza. Wifi alipewa dafu, halafu togwa iliyopikwa na mama mwenye nyumba: uji wa mahindi ulioachwa upoe hadi vuguvugu, ukatiwa kimea, ukakaa hadi ukapata utamu na uchachu kidogo. Sukari haimo. Ni kimea kinachoivunja wanga ya uji iwe sukari. Wifi aliomba kikombe cha pili, akaandika vipimo vyote. Chakula kilikuwa wali wa nazi, samaki wa kupaka na mchicha, na sina neno juu yake, kilikuwa chakula cha nyumbani.

Sasa ile nyota.

Saa tisa alasiri, baada ya tembo kali, ratiba inataka wote warudi Mikocheni kwa baiskeli. Kilomita zile zile 15, kusi sasa inakupiga usoni, barabara kuu imejaa, na kiongozi ni mmoja. Mimi nilikunywa nusu kikombe nikaacha, kwa kuwa nilikuwa nafikiria malori. Mmoja wa wale vijana alikunywa vikombe vinne. Hatukufika mbali baada ya kuingia barabarani, akayumba kuelekea katikati, dereva wa lori akapiga honi ndefu, na kijana akaangukia upande wa kushoto. Mungu alimnusuru, alichubuka kiwiko na goti tu. Mikono yangu ilitetemeka hadi nikashindwa kushika usukani. Mama wa makamo aliyekuja na mumewe kutoka Dodoma alikaa chini pembeni akasema hapandi tena.

Tulikodi kirikuu mbili, vile vigari vidogo vya mizigo, pale pale, tukapakia baiskeli na watu. Tuligawana gharama wenyewe, ikawa shilingi 10,000 kila mmoja. Kiongozi alihangaika nasi vizuri, akamsafisha kijana vidonda, na simlaumu yeye. Nalaumu aliyepanga ratiba. Huwezi kumpa mtu tembo kisha ukampandisha baiskeli kwenye barabara ya malori. Kama kuna kuonja, kurudi kuwe kwa gari, na bei iseme hivyo tangu mwanzo hata ikipanda. Mimi ningelipa.

Kwa hiyo mnaotaka kwenda, ulizeni swali hilo kabla ya kutuma pesa: tunarudi kwa usafiri gani? Nendeni mapema kadiri mnavyoweza, kwani ifikapo saa nne jua la pwani linawaka. Vaeni nguo za heshima, kule ni makaburini. Bebeni pesa taslimu kidogo kwa ajili ya mgema na mama wa togwa, bei ya safari haiwafikii kama inavyostahili kwa kazi niliyoiona. Na msiharakishe msikitini, ombeni nusu saa ya ziada pale kabla ya kukimbilia vibuyu.

Jumatatu niliwapigia simu nikawaeleza haya yote, pamoja na habari ya kijana. Walinisikiliza bila kubishana, wakanirudishia ile shilingi 10,000 na ya wifi, wakasema safari za mwezi ujao zitakuwa na gari la kurudishia watu. Nina jirani zangu wawili Sinza wanaotaka kwenda Oktoba. Wakirudi na kuniambia gari lilikuwepo, nitaongeza nyota ya tano.