Kikokotoo cha uwezekano: hodari kwa vijalizo, mzembe kwa desimali

Kikokotoo hiki cha mtandaoni kimeundwa kwa ajili ya wanafunzi wanaotafuta uwezekano wa matukio huru, yaani yale ambayo kutokea kwa moja hakubadilishi uwezekano wa jingine. Ukurasa wake hufunguka upesi, na hatua zote za hesabu huonekana chini ya jibu.

Kilichonipendeza zaidi ni namna kinavyolishughulikia swali la "angalau mara moja". Wanafunzi wengi, wakiulizwa uwezekano wa kupata sita angalau mara moja katika kurusha dadu mara 4, hujumlisha 1/6 mara nne na kuandika 4/6, bila kutambua kwamba kwa njia hiyohiyo anayerusha mara 6 angekuwa na hakika ya kupata sita, jambo ambalo yeyote aliyewahi kushika dadu anajua si kweli. Kikokotoo huanzia upande wa pili, yaani kwenye kijalizo (hali ya tukio kutotokea): hutafuta uwezekano wa kukosa sita mara zote, yaani 5/6 kwa kipeo cha 4, ambao ni 625/1296, kisha huutoa katika 1 na kupata 671/1296, takribani 0.518. Pia hueleza kwa maneno kwamba kijalizo cha "yote mawili yametokea" si "hakuna hata moja lililotokea", bali ni "angalau moja halikutokea". Maelezo hayo yanastahili pongezi za dhati, kwa kuwa hapo ndipo wengi hujikwaa.

Kasoro kubwa imo katika desimali. Nilikipa swali la Chevalier de Méré, Mfaransa mpenda kamari, ambalo mwanahisabati Pascal alimwandikia mwenzake Fermat mwaka 1654: je, kurusha dadu mbili mara 24 kunatosha kumpa mchezaji zaidi ya nusu ya uwezekano wa kupata sita mbili kwa pamoja? Jibu sahihi ni hapana, kwani 1 ukitoa 35/36 kwa kipeo cha 24 hubaki takribani 0.491. Kikokotoo, kikiwa kimewekwa kwenye desimali, kiliikadiria 35/36 kuwa 0.97 kabla ya kuipandisha kwenye kipeo, kikatoa 0.519, na hivyo kikageuza hapana kuwa ndiyo. Makadirio yalipaswa kungoja hatua ya mwisho. Mpaka hilo lirekebishwe, mtumiaji achague hesabu za sehemu (kama 35/36), ambazo hazina tatizo hilo.

Vilevile hakiulizi popote iwapo matukio ni huru kweli. Ukitoa mipira miwili katika mfuko wenye myekundu 3 na myeupe 2 bila kuurudisha wa kwanza, uwezekano wa yote kuwa myekundu ni 3/5 mara 2/4, yaani 3/10, lakini chenyewe huzidisha 3/5 kwa 3/5 na kutoa 9/25 bila onyo lolote. Swali moja tu kabla ya kuzidisha, la kuuliza kama mpira umerudishwa, lingetosha.