Maonyesho ya Cassils: nyota nne kutoka kwa mtu wa vyuma

Kazi yangu ni kufundisha watu kunyanyua vyuma, na maonyesho ya sanaa huwa siyaendi. Mteja wangu mmoja ndiye aliyenivuta, akanitajia Cassils: msanii trans (yaani mtu ambaye jinsia yake si ile aliyoandikiwa alipozaliwa), Mkanada mwenye makao yake Los Angeles, aliyewahi kuwa mwalimu wa mazoezi. Hapo nikakubali.

Chumba cha kwanza kina picha za kazi iitwayo Cuts, ya 2011, na ndicho nilichokaa muda mrefu. Cassils aliongeza pauni 23 za misuli, kama kilo kumi na nusu, kwa wiki 23. Kwa mtu ambaye tayari ana mazoezi, hiyo si kazi ndogo. Ni kula hata usipotaka, kulala mapema, kubeba mzigo mzito kila uchao, na yeye alitumia pia steroidi, dawa za kukuza misuli, kwa wiki nane. Kila siku alipigwa picha kutoka pande nne. Wengi walikuwa wanatazama mikono, mimi nilitazama shingo, maana shingo haidanganyi. Alikuwa akimjibu Eleanor Antin, msanii Mmarekani ambaye mwaka 1972 alijinyima chakula na kujipiga picha akikonda. Kilichonigusa ni kwamba Cassils hakuwa safarini kwenda kwenye mwili wa kiume afike apumzike. Kwake kuwa trans ni kuendelea kugeuka, na ukizifuata picha zile moja moja unamwelewa.

Kazi ya udongo, Becoming an Image, imenivunja moyo kidogo. Ikifanywa mbele ya watu, ukumbini huwa giza totoro; Cassils analishambulia kwa ngumi na mateke bonge la udongo la pauni 2,000, karibu kilo 900, na watazamaji wanaona pale tu mwanga wa kamera unapowaka. Hapa tumepewa picha ukutani, taa zote zinawaka. Afadhali sauti iliyorekodiwa: zile pumzi ni za mtu aliyebakiza kidogo sana mwilini.

Filamu ya Inextinguishable Fire isikupite. Cassils anawashwa moto kwa sekunde 14, zikapunguzwa kasi zikawa dakika 14. Amepakwa jeli ya baridi kali, na kuvuta pumzi haruhusiwi, moto ungeingia mapafuni. Dakika 14 hizo utazimaliza umesimama, kwa sababu hakuna hata benchi.

Kazi ya mkojo, zaidi ya lita 750 ndani ya tangi la kioo, ipo kwa picha tu. Aliukusanya mwaka 2017, serikali ya Trump ilipoondoa mwongozo uliowalinda wanafunzi trans katika matumizi ya vyoo shuleni. Vijana nyuma yangu walicheka hadi waliposoma maelezo.

Picha za uchi ni nyingi, watoto waacheni nyumbani. Jioni watu hupungua.