Kura ya uwakala bungeni: mifumo minne yapimwa

Mbunge aliyejifungua wiki iliyopita, au aliyelazwa hospitalini, apige vipi kura yake? Jibu la kura ya uwakala ni kwamba mwenzake ampigie. Tunapopima mfumo wa aina hii tunauliza mambo matatu: nani anaamua kura iwe ya ndiyo au hapana, nani anathibitisha sababu ya kutokuwepo, na je, asiyekuwepo anahesabiwa kwenye akidi, yaani idadi ya chini ya wabunge inayotakiwa ili shughuli ziendelee?

Baraza la Wawakilishi la Marekani liliujaribu kuanzia Mei 2020 kwa azimio lililopita kwa kura 217 dhidi ya 189. Utaratibu wenyewe ulikuwa safi. Mbunge alimwandikia Karani barua yenye saini, akamtaja wakala wake, na jina likatangazwa hadharani. Kila kura ilihitaji maelekezo ya maandishi. Wakala aliyatangaza ukumbini kabla ya kuipiga, na hakuruhusiwa kubeba kura za wenzake zaidi ya 10. Kwa swali la kwanza, hakuna mfumo unaoushinda huu.

Ulioza kwenye swali la pili. Barua ilisema mbunge hawezi kufika kwa sababu ya dharura ya afya ya umma, lakini hakuna aliyekagua. Februari 2021 baadhi ya waliotia saini barua hiyo walikuwa kwenye mkutano wa kisiasa Florida. Ruhusa ya uwakala ilikuwa ya siku 45, lakini Spika akawa anaiongeza mara kwa mara, na uwakala ukadumu hadi Bunge hilo lilipomaliza muda wake Januari 2023.

Swali la tatu lilizaa kesi. Katiba ya nchi hiyo inataka wengi wa wabunge wawepo ili shughuli ziendelee, na azimio liliwahesabu waliowakilishwa kama waliopo. Februari 2024 jaji mmoja wa Texas aliamua kwamba sheria ya bajeti ya mwisho wa 2022 ilipita bila akidi. Mahakama ya rufaa ikautengua uamuzi huo mwaka 2025. Anayeandika kanuni za namna hii aanze na akidi, maana hitilafu yake haionekani siku ya kura. Huonekana sheria ikishaanza kutumika.

Uingereza ilianza Januari 2019 na jambo dogo zaidi: likizo ya uzazi. Kabla ya hapo walitegemea jozi, yaani mbunge wa upande wa pili naye asipige kura ili tofauti ibaki ileile. Jozi ni ahadi tu, na Julai 2018 ahadi iliyotolewa kwa mbunge aliyekuwa na mtoto mchanga ilivunjwa kwenye kura za Brexit. Chini ya uwakala, Spika hutoa cheti chenye jina la wakala, tarehe ya kuanza na ya kumaliza. Kwenye orodha ya kura inaonyeshwa wazi kwamba imepigwa na wakala, na haihesabiwi kwenye akidi. Hapo ndipo Waingereza walipowazidi Wamarekani.

Dosari ipo. Maelekezo hubaki kati ya mbunge na wakala wake, na hakuna kikomo cha kura anazoweza kubeba mtu mmoja. Wakati wa Uviko, mnadhimu mmoja wa chama tawala, yaani mbunge anayesimamia kura za wenzake chamani, alishika mamia ya kura. Mtu mmoja akitembea na mamia ya kura, hilo si bunge tena, ni akaunti ya chama.

New Zealand wamelikubali hilo waziwazi: mnadhimu hutaja idadi ya kura za chama kizima, wasiokuwepo wakiwemo. Kwa miaka mingi kanuni iliwabana: kura za wasiokuwepo zisizidi robo ya wabunge wa chama. Ni haraka na haina usumbufu, ila tusingeipendekeza mahali ambapo wabunge huasi vyama vyao mara kwa mara.

Ufaransa ina kanuni fupi kuliko zote, iliyomo kwenye ibara ya 27 ya Katiba ya 1958: kura ni ya mbunge binafsi, uwakala uruhusiwe kwa nadra kwa mujibu wa sheria, na hakuna anayepokea zaidi ya mmoja. Kikomo hicho cha mmoja tungekichukua kwanza, tukiunganishe na cheti cha Uingereza na maelekezo ya maandishi ya Marekani. Akidi tungewaachia waliomo ukumbini.