NAFTA na T-MEC: upi uliomjali mnyonge wa Meksiko?

Mkataba wa NAFTA, wa biashara huria kati ya Marekani, Kanada na Meksiko, ulianza tarehe 1 Januari 1994, siku ileile Wazapatista, waasi wengi wao wakulima wa asili, waliposhika silaha Chiapas, jimbo la kusini mwa Meksiko. Walijua kinachokuja. Mahindi ya Marekani, yaliyolimwa kwa mashine na ruzuku ya serikali, yalimiminika sokoni, na bei aliyoitegemea mkulima wa ekari chache ikaporomoka. Vijana waliacha mashamba, wakaenda viwanda vya mpakani au wakavuka kaskazini. Haki za wafanyakazi ziliwekwa kwenye makubaliano ya pembeni yasiyo na meno.

T-MEC, mkataba mpya wa nchi hizo tatu ulioshika nafasi ya NAFTA Julai 2020, unauma, angalau kiwandani. Mikataba ya kazi sasa hupigiwa kura ya siri, na kiwanda kinachokiuka haki kinaweza kuwekewa vikwazo chenyewe. Kule Silao, mji wa Meksiko ya kati, wafanyakazi wa kiwanda cha magari cha General Motors waliukataa mkataba wa kazi wa chama cha wafanyakazi cha zamani mwaka 2021, na Februari 2022 wakachagua chama huru, SINTTIA. Kwa mfanyakazi, nauchagua huu bila kusita.

Kwa mkulima sioni nafuu. Mahindi bado yanaingia bila ushuru, na Desemba 2024 jopo la usuluhishi la T-MEC liliamua dhidi ya Meksiko, iliyotaka kuzuia mahindi yaliyobadilishwa vinasaba yasiingie kwenye tortilla, chapati za mahindi.